Tiki za Somo Yako

Korogwe, Jumapili, tarehe 23 Novemba.
Asubuhi mawingu mazito upande wa milimani. Manyunyu kuanzia saa kumi na mbili hadi saa mbili kasorobo, kisha jua kali lisilo na upepo.

Mama yangu mpendwa,

Shikamoo. Nakusalimu wewe kwanza, halafu nalisalimu goti lako la kushoto, ambalo wifi Rehema ananiambia siku hizi linatabiri mvua kuliko redio. Uvimbe umeshuka? Na Baba, kifua chake kimetulia? Na ule mhogo wa bondeni, nguruwe wamewaachia chochote? Ukipata nafasi unijibu hata kwa mistari mitatu. Sisi huku tu wazima. Kilichobaki ni uchovu, na huo nimeuzoea kama mtu anavyozoea kiatu kinachobana.

Nimeandika badala ya kupiga simu kwa sababu mbili. Simu ya nyumbani ikiita, Baba huiweka sauti kubwa, na kila aliyepo uani husikia. Halafu mambo ninayotaka kukueleza yana mpangilio, yakikatika katikati yanageuka kuwa mengine. Karatasi ziko nne. Tatu za kwanza Rehema anaweza kukusomea macho yakichoka. Ya nne naomba uisome mwenyewe, ukiwa peke yako.

Jambo lenyewe ni mwanangu Amina, somo yako uliyempa jina. Shule zinafungwa wiki mbili zijazo na anataka kuja kwenu likizo. Ni miezi tisa sasa tangu Baba aseme asikanyage ua wake mpaka ajue kusalimia watu. Mimi nataka kumleta. Lakini kabla sijamleta ni lazima ujue kilichompata, na kitu gani cha kufanya, na hasa kitu gani cha kutofanya.

Siku ile ya hitima hapo kwenu sikuwepo, nilisimuliwa tu. Kwamba wazee walikuwa wamekaa mkekani, Amina akaja na birika na beseni kuwanawisha mikono, akamwambia mzee wa kwanza shikamoo, na kabla mzee hajaitikia, akamsonya. Akaenda kwa wa pili, shikamoo, akasonya. Alipofika kwa wa tatu Baba akamnyang'anya birika. Kesho yake nilikuja kumchukua. Unakumbuka nilivyofika, sikuuliza kitu, nilimpiga kofi pale pale uani, ili watu waone kwamba mimi sikumfundisha hivyo. Daftari langu la siku hiyo lina mstari mmoja: "Nimempiga Amina mbele za watu. Jua kali. Tumefika Korogwe saa kumi na moja." Sikuandika sababu, kwa kuwa niliona inajulikana. Sasa naona haikuwa inajulikana hata kidogo.

Mtoto umemlea wewe tangu ana miaka minne. Niambie kama aliwahi kukuvunjia heshima kabla ya mwaka jana. Wewe mwenyewe ndiye uliyenipigia simu kusema anapepesa macho sana, tukasema vumbi la kupepeta mtama. Macho yalipotulia, shingo ikaanza kuruka, tukasema anaringa. Shingo ilipopungua ndipo msonyo ukaja, na huo hatukuutafutia jina lingine kwa sababu ulikuwa na jina tayari.

Huku nilimpokea kama mtu aliyeletewa kesi. Akitoka shule anakuja kukaa nami dukani mpaka tufunge, na unajua duka la vitambaa lilivyo, kila anayeingia ni mama au bibi wa mtu. Shikamoo, msonyo. Shikamoo, msonyo. Mimi nikawa namwambia, rudia vizuri. Anarudia, anasonya. Rudia. Siku moja mwezi wa tano alirudia mara saba mbele ya mteja mmoja, mpaka mteja akaacha kitenge alichokuwa amekichagua na kuondoka. Tajiri wangu, Mama Nasrin, alikuwa kwenye kiti chake mlangoni, anatazama. Jioni wakati wa kukunja majora ya vitambaa akaniambia kwamba mtoto wa dada yake kule Tanga alikuwa hivyo hivyo, yeye alikuwa anabweka kama mbwa, na haikuwa tabia. Akanielekeza kwa nesi mmoja hapa wilayani.

Nilipofika na kuona kibao kimeandikwa afya ya akili, nilisimama nje nusu saa. Nilifunga mtandio mpaka chini ya macho, kama nimekwenda kuiba. Kumbe mbele yangu kwenye foleni alikuwepo mama jirani yetu, naye amefunga mtandio vile vile. Tulitazamana, kila mmoja akamsalimia mwenzake kwa jicho, na hatujalizungumza mpaka leo.

Nesi mwenyewe anaitwa Agripina, mama wa makamo, Msambaa, mwenye sauti ya kuwatuliza ng'ombe. Alimsikiliza Amina kwanza, mimi baadaye. Akasema kitu hiki kinaitwa tiki. Ni misuli kujiendesha bila mtu kuiamuru. Wengine hupepesa macho, wengine huruka shingo, wengine hutoa sauti. Mtoto anaweza kuizuia kwa muda mfupi, kama mtu anavyozuia chafya, lakini mwisho wake hutoka, na ikizuiwa kwa hofu hutoka na wenzake. Si ukaidi, si shetani. Hakuna aliyemroga. Nikamwuliza mbona hasonyi peke yake chumbani akicheza, anasonya akisalimia tu. Akaniambia swali zuri, nenda nalo nyumbani, uandike.

Basi Mama, hapo nilipata kazi ninayoiweza. Kila Amina anaposonya nikaweka alama kwenye daftari, na pembeni nikaandika saa, mahali, nani alikuwepo, na yule aliyesikia alifanya nini. Alama yenyewe nilitumia tiki, ile ya mwalimu ya kusahihishia, si ule mkasi wa kukosa. Amina aliponichungulia begani akasema, "Mama, shuleni napata mikasi tu. Huku kwako ndiko ninakofaulu." Nilicheka mpaka nikatokwa na machozi, na ndiyo ilikuwa mara ya kwanza tunacheka pamoja tangu nimchukue. Mama Nasrin naye, nilipomweleza kwamba nesi amesema mtoto ana tiki, akajibu, "Mshukuru Mungu, wajukuu zangu hesabu yote ni mikasi."

Baada ya wiki mbili nikakaa na lile daftari siku ya Jumapili kama leo, nikasoma mistari yote kwa mfululizo. Niliona kitu ambacho hakikunifurahisha. Mahali ambapo mtu aliyesonywa aling'aka, au mimi nilisema rudia, tiki zilifuatana kama siafu. Mahali ambapo aliitikia marahaba na kuendelea na shughuli yake, ilikuwa moja au mbili, basi. Kuna bibi mmoja wa Kwashemshi huja kununua kaniki. Alisonywa, akaitikia marahaba mwanangu, akauliza bei, kisha akamwambia Amina taratibu, "Embe hizo. Zinakaa kwenye meno mpaka keshokutwa." Siku hiyo nzima Amina hakusonya tena.

Nilipompelekea nesi, alisoma, akaniambia bila kunipaka mafuta: "Mama Amina, umekuwa ukifundisha shikamoo na msonyo viwe pacha." Kila nilipomrudisha, alikuwa anaingia kwenye salamu amejaa hofu, na hofu ndiyo mbolea yake. Nilirudi nyumbani sina nguvu ya kusonga ugali. Nilifanya kwa bidii, Mama. Ndicho kinachonichosha zaidi.

Sasa nikueleze dawa yenyewe, kwa kuwa utauliza kidonge kiko wapi. Kidonge hakuna, au vipo lakini nesi kasema kwa Amina tuanze na mafunzo. Kwanza mtoto anafundishwa kuijua tiki yake kabla haijafika. Nesi alimwuliza, kabla ya kusonya unasikia nini? Wiki ya kwanza akasema sijui. Wiki ya pili akasema kuna kitu kinawasha nyuma ya meno ya juu, kama uzi wa embe uliokwama, na asipousonya hautoki. Bibi wa Kwashemshi alikuwa amepatia bila kusomea.

Halafu anafundishwa jambo la kufanya pale mwasho unapoanza, jambo ambalo haliwezi kwenda pamoja na msonyo. Anafumba midomo bila kuibana, ulimi anaulaza nyuma ya meno ya chini, anavuta pumzi puani polepole na kuitoa polepole, mpaka mwasho ushuke wenyewe. Jaribu wewe, utaona huwezi kusonya ukiwa hivyo. Mwanzoni mwasho hupanda kwanza, ndipo hushuka, naye alikuwa analia machozi kimya kimya huku anapumua. Nilimwona jasho kwenye paji la uso na mvua inanyesha. Tulifanya kila siku baada ya kula, robo saa, mimi na yeye mkekani.

Amina mwenyewe aliipa jina. Anaiita kufunga duka. Kazi yangu mimi ni kumkumbusha kwa upole akisahau, kumsifu akijaribu, hata kama haikufaulu, na msonyo ukitoka nisiusikie. Basi siku moja mwezi wa nane duka limejaa, nikamwona midomo inaanza, nikamnong'oneza, "Funga duka." Yule kijana wa kushusha majora akasikia, akateremsha mlango wa chuma nusu. Mteja mmoja akauliza kwani mnafunga saa nane mchana, nani kafa? Mama Nasrin akaruka kitini. Tangu siku hiyo simwambii neno, nagusa sikio langu tu.

Sikudanganyi kwamba amepona. Nesi alituambia mapema kwamba tiki hupanda na kushuka kama homa za msimu. Wengi hupungukiwa wakikua, wengine hubaki nazo kidogo. Wiki ya mitihani ilirudi kwa nguvu na shingo ikaruka tena, nikakaa nimeshika daftari nikaona kama tumerudi huko kwenu Kang'ata, pale uani. Nesi akasema ni kawaida, endeleeni. Tunaendelea. Naamka saa kumi na moja, namwandaa, nafungua duka, nasimama mpaka magharibi, tunafanya zoezi, naandika, nafua. Alhamisi naomba ruhusa kwenda kliniki. Wakati mwingine nikipanga foleni pale nasinzia nimesimama, jirani yangu wa mtandio ananigusa kiwiko. Lakini mwezi huu kuna siku kumi na moja daftari halina tiki hata moja dukani, na wateja wote aliwasalimia. Nakuandikia hilo polepole ili ulisome polepole.

Basi akija kwenu, naomba haya. Msimwambie acha. Msimwambie rudia. Msimsifu mbele za watu kwamba leo hajasonya, maana hapo ndipo atasonya. Akikaa kimya anapumua puani, msimwulize amenuna nini. Watoto wa Rehema wakimwiga, Rehema awapeleke kuchota maji, asiwachape mbele yake. Na akikusalimu, wewe mwitikie tu, uendelee kuchambua mboga.

(Rehema, asante kwa kusoma. Hapa umpe Mama karatasi inayofuata, ukamwangalie kuku.)

Karatasi ya nne.

Mama, uko peke yako? Vizuri.

Alhamisi iliyopita Nesi Agripina aliniuliza kama katika ukoo kuna mtu mwingine mwenye mambo kama haya, kwa kuwa mara nyingi hufuata damu. Nikajibu hapana, upesi, kama nimeulizwa kama kwetu kuna wachawi. Amina alikuwa pembeni anachora. Bila kuinua kichwa akasema, "Babu."

Nikamwambia anyamaze. Nesi akasema, mwache. Amina akasimama, akaweka mikono nyuma, akasafisha koo mara tatu, khm, khm, khm, kisha akatikisa bega la kulia kama mtu anayekaza jembe lisianguke. Mama, nilimwona Baba mzima amesimama mle chumbani.

Sauti ile nimeisikia tangu nazaliwa. Tukiwa wadogo ulikuwa unasema, baba yenu huyo, ondoeni vyombo, naye bado hajafika kwenye mgomba wa kwanza. Msikitini watu humtania kwamba imamu anangoja Baba amalize koo lake ndipo aanze. Mara tatu, kila wakati mara tatu, na bega. Tulisema koo ni la ugoro na bega ni la jembe, lakini ugoro aliacha nikiwa darasa la nne, na jembe sasa wanashika wengine. Hakuna aliyewahi kumwambia aache. Mwanamume kusafisha koo kabla ya hodi ni adabu, kwa hiyo yake imeitwa adabu miaka yote. Somo yako amepewa msonyo. Hakuuchagua, kama Baba asivyochagua koo.

Sisemi Baba ni mgonjwa. Hata nesi alisema hawezi kumpima mtu kwa kumwona akiigizwa. Lakini wewe umeishi naye tangu ujana. Je, alikuwa nayo ulipoolewa? Huzidi akiwa na hasira, au wageni wakiwa wengi? Ikiwa ndivyo, basi katika nyumba ile yeye ndiye anayejua kuliko sote ule uzi wa embe nyuma ya meno ukoje, ila hajawahi kuulizwa.

Sikuambii umweleze. Wewe ndiye unayejua saa ya kumwambia Baba jambo, na kuna mambo ambayo hayana saa. Ukiona ni afadhali karatasi hii iishie jikoni, ichome. Mimi naomba neno moja tu kutoka kwake. Tukifika, Amina atapiga magoti na kusema shikamoo Babu. Huenda msonyo usitoke. Huenda ukatoka, maana kwake yeye Babu ni mlima kuliko wateja wote wa Korogwe. Uwe umetoka au haukutoka, Baba aitikie marahaba. Asimtazame midomo, asingoje aone. Asiseme, "Unaona?" Marahaba, halafu aendelee na shughuli yake. Zamani alikuwa anamwita bi mdogo, akimtania kwamba wewe umezeeka na yeye ndiye atakayempikia. Sitegemei hilo. Marahaba inatosha.

Tutapanda gari la Handeni Jumamosi ya tarehe sita, tukifika mjini tutachukua pikipiki mpaka Kang'ata. Kama Baba amekataa, mwambie Rehema anitumie ujumbe kabla ya Ijumaa, aandike tu "barabara mbaya". Nitaelewa, na Amina nitamwambia barabara ni mbaya.

Nisalimie kaka yangu na umwambie asiache kulichua goti lako kwa dawa ya moto hata ukinung'unika. Nisalimie Rehema na watoto wake wote watatu, na bibi yule wa nyumba ya pili aliyekuwa akimpa Amina matunda ya matonga. Mwalimu wake wa zamani wa madrasa mwambie suratul Mulk anaijua yote sasa, na akisoma hasonyi kabisa. Mama Nasrin anakusalimu, amekufungia kanga moja, nitakuja nayo. Baba mpe shikamoo yangu. Yangu ameiitikia siku zote.

Mwanao,
Zuhura.

Jumatatu, tarehe 24. Asubuhi kavu, ukungu milimani.

Nimefungua bahasha tena kabla ya kumpa kondakta wa gari la Handeni. Jana baada ya zoezi Amina aliniuliza, "Na Babu akinyamaza?" Nikatazama kwenye daftari kama kawaida yangu. Nina mpango wa msonyo ukitoka na mpango wa usipotoka. Wa watoto wakicheka ninao, hata wa shingo ikirudi garini ninao. Wa Babu kunyamaza sikuwa nimeuandika. Nilimwambia hivyo. Akafumba midomo, akapumua puani muda mrefu, kisha akasema, "Basi nitamsalimia tena kesho yake," akajifunika shuka.

Mimi nimelala saa sita kasoro dakika kumi.